Naomba ushauri: nishati mwendo ya elektroni inayokaribia kasi ya mwanga

Ndugu wanachama, nawasalimu kwa heshima. Nakokotoa nishati mwendo ya elektroni inayokwenda kwa asilimia 90 ya kasi ya mwanga. Fomula ya kawaida, yaani nusu ya tungamo mara kipeo cha pili cha kasi, inanipa takriban elektrovolti 207,000, ilhali ile ya Einstein, ambamo tunatoa 1 kwenye kizidishi cha Lorentz (namba inayoanzia 1 kwa kitu kilichotulia na kukua kadiri kasi inavyokaribia ile ya mwanga; hapa ni 2.294) kisha tunazidisha kwa nishati ya elektroni iliyotulia, elektrovolti 511,000, inanipa takriban 661,000. Hadi hapo sina shida, kwa kuwa fomula ya kwanza hufaa kwa kasi ndogo tu. Kinachonitatiza ni kwamba nilipoiacha fomula hiyo ya kwanza kama ilivyo na kuzidisha tungamo pekee kwa 2.294, kwa kufuata maelezo ya zamani kwamba tungamo huongezeka pamoja na kasi, nilipata takriban 475,000, namba isiyolingana na yoyote kati ya hizo mbili.

Je, ni hatua ipi hasa, tunapotoka kwenye kazi inayofanywa na kani hadi kufikia nishati, inayoifanya njia hii isifae? Na kwa kasi ndogo sana, ambako kikokotoo changu huonyesha sifuri mara tu ninapotoa 1, niiandikeje fomula ya Einstein ili tarakimu zisipotee?