Ulinganisho: kurekebisha hati ya madai, kuliondoa shauri ili ufungue upya, au kusubiri pingamizi?

Korosho_Ruangwa
Wakuu, naomba tulinganishe. Mkulima amefungua shauri Mahakama Kuu Mtwara dhidi ya halmashauri ya wilaya akidai fidia ya mikorosho iliyokatwa kupisha barabara. Notisi hakutoa, na Mwanasheria Mkuu wa Serikali hakumuunganisha. Pingamizi la halmashauri juu ya kasoro hizo bado halijaletwa. Arekebishe hati, aliondoe shauri kwa ruhusa ya kufungua upya, au aache mahakama yenyewe iliondoshe? Ipi ina hasara ndogo?

Mtetezi_Mikindani
Kurekebisha kunatibu kosa lililomo ndani ya hati: jina la mdaiwa limekosewa, mipaka ya shamba haikuelezwa, hesabu ya fidia haijakaa sawa. Hapa kasoro iko nje ya hati. Sura ya 5, yaani Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali, inadai notisi ya siku 90 kabla ya kufungua, nakala ziende kwa Mwanasheria Mkuu na kwa Wakili Mkuu wa Serikali. Na tangu marekebisho ya 2020, ukiishtaki halmashauri bila kumuunganisha Mwanasheria Mkuu, mwenendo mzima unabatilika. Yeye unaweza kumuongeza kwa marekebisho. Siku 90 huwezi kuzirudisha nyuma. Aliondoe.

Binti_Newala
Naunga mkono. Ndivyo ilivyo pia kwa shamba la marehemu pale mtoto anapofungua kesi kabla hajateuliwa kuwa msimamizi wa mirathi. Akiteuliwa katikati ya shauri haisaidii, kwa sababu siku ya kufungua hakuwa na haki ya kudai.

Masjala_Kusini
Ila aliondoe kwa maneno sahihi, maana hapa ndipo watu wanapoumia. Amri ya 23 Kanuni ya 1 ya Sura ya 33, Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, ina milango miwili. Ukisema tu "naomba kuondoa kesi yangu", unaruhusiwa, lakini unaweza kubebeshwa gharama, na hutafungua tena juu ya jambo lilelile. Mlango wa pili ni kuomba kuliondoa *kwa ruhusa ya kufungua upya*, ukiitajia mahakama kasoro ya kiutaratibu itakayoliangusha shauri, au sababu nyingine ya kutosha. Itaje waziwazi: notisi ya siku 90 haikutolewa. Kisha chukua nakala ya amri na uisome kabla hujaondoka masjala. Kama neno la ruhusa halimo, omba lisahihishwe mapema.

Wadai wakiwa wengi, mahakama haiwezi kumruhusu mmoja kujiondoa bila ridhaa ya wenzake.

Wakili_Nachingwea
Sikubaliani kwamba njia ya tatu ni mbaya siku zote. Shauri likiondoshwa kwa kasoro halijaamuliwa, kwa hiyo linafunguliwa upya bila kuomba ruhusa ya mtu. Tofauti ya kuondoshwa na kutupiliwa mbali ni ya zamani, tangu uamuzi wa Ngoni-Matengo wa 1959. Hatari yake ni kwamba pingamizi halidhibitiwi na mdai. Likija na hoja ya ukomo wa muda ikakubaliwa, shauri linatupiliwa mbali na mlango umefungwa. Na pingamizi likishawasilishwa, mahakama kwa kawaida haitakubali uliondoe shauri ili kulikwepa. Huyu bado ana nafasi. Aitumie sasa, kabla gharama za utetezi hazijapanda.

Korosho_Ruangwa
Ahsanteni. Muda uliopotea kwenye shauri la kwanza anafidiwa?

Masjala_Kusini
Hapana, na hilo ndilo la kupima kwanza kabisa. Kanuni ya 2 ya Amri hiyohiyo inasema shauri jipya linahesabiwa ukomo kana kwamba la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Ruhusa ya kufungua upya haiongezi hata siku moja.

Kwa Sura ya 89, Sheria ya Ukomo wa Muda, kurejesha ardhi ni miaka 12, mkataba 6, madhara yasiyo ya mkataba 3. Lakini fidia kwa kitendo kinachodaiwa kufanywa chini ya sheria iliyoandikwa ni mwaka 1 tu! Mikorosho iliyokatwa kwa ajili ya barabara ya umma, Wakili wa Serikali atajaribu kuisukumia kwenye huo mwaka mmoja. Ahesabu kuanzia siku miti ilipokatwa, kisha ajumlishe siku 90 za notisi. Zikipita ukomo, asiondoe kwanza. Mahakama haina uwezo wa kuongeza muda wa kufungua shauri la madai. Maombi yanaenda kwa Waziri mwenye dhamana ya sheria, na nyongeza haizidi nusu ya muda wa awali.

Mtetezi_Mikindani
Kingine: zuio la muda linakufa pamoja na shauri. Kama bado kuna miti imesimama, aandae maombi ya zuio la Mareva la kushikilia hali wakati notisi inahesabika, yawe tayari siku anapoondoa. Ada ya kufungua atalipa upya. Notisi aipeleke kwa mkono, agongewe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe kwenye nakala yake. Siku 90 zitahesabiwa kutoka hapo, na nakala hiyo ndiyo atakayoambatisha kwenye hati mpya.