Tupeane uzoefu: kurekebisha klachi nyumbani, pima kabla hujashika spana

SpanaKumi

Wakuu, salaam. Magari ya klachi bado tunayo mengi: Hilux, Land Cruiser za mkonga, Hiace za dizeli, Canter, Suzuki Carry za mizigo, na Beetle kwa wanaozienzi. Ombi langu kwenye uzi huu ni moja. Tusisimuliane safari, tuwekeane vipimo, hatua na sababu, ili mtu mwenye jeki, rula na spana zake aweze kufanya kitu cha maana siku ya Jumapili.

Nianze na msingi. Kabla ya yote, jua klachi yako inasukumwa na nini. Fungua boneti, tazama ukuta wa injini upande wa dereva. Ukiona kikopo kidogo cha mafuta pembeni ya kile cha breki, klachi yako ni ya mafuta. Yapo magari ambayo klachi inakunywa kwenye kikopo kilekile cha breki kwa mpira mwembamba unaotoka ubavuni, kwa hiyo usikate tamaa usipoona kikopo cha pili. Ukiona waya mnene wenye ganda jeusi unaotoka ukutani na kushuka hadi kwenye giaboksi, hiyo ni ya kebo.

Pili, plei. Huu ni ule mlegeo wa mwanzo wa pedali, kabla hujahisi inakaza. Usiupime kwa mguu, mguu ni mzito na hausikii. Toa kapeti, simamisha rula sakafuni pembeni ya pedali, soma ilipo, kisha isukume kwa vidole viwili mpaka uhisi upinzani, soma tena. Tofauti ndiyo plei yako. Kwa Toyota nyingi za klachi ya mafuta, Hilux na Land Cruiser zikiwemo, inatakiwa milimita 5 hadi 15. Beetle ni milimita 10 hadi 20. Gari lako kama si hilo, kitabu chake ndicho hakimu.

Plei ikiisha kabisa, rilizi beringi (ile inayosukuma klachi iachie) inakaa imesukuma vidole vya presha pleti (sahani inayoibana pleti ya klachi) muda wote. Beringi inazunguka bila kupumzika na pleti haibanwi sawasawa, gari linaanza kuteleza. Plei ikizidi, ukikanyaga mpaka chini klachi haiachii yote, gia zinalia na sinkro za giaboksi (ringi zinazolainisha kuingia kwa gia) zinaliwa. Pande zote mbili ni hasara, ndiyo maana nasisitiza rula.

KeboNaKoleo

Nichukue upande wa kebo.

Zima injini, vuta hendibreki, weka mawe magurudumu ya nyuma na ya mbele. Ukilazimika kuinua gari, weka stendi. Jeki peke yake hailaliwi chini yake, hata kwa dakika mbili.

Fuata kebo hadi mwisho wake kwenye mkono wa klachi pembeni ya giaboksi. Utakuta uzi wa bolti na nati mbili zilizobanana, au nati moja kubwa. Beetle ina nati yenye masikio unayoweza kuigeuza kwa mkono, iko upande wa kushoto wa giaboksi. Safisha uzi kwa brashi ya waya, nyunyizia mafuta ya kulegeza kutu, subiri dakika kumi. Hatua hii watu wanairuka, na ndipo kebo inapoharibika: nati ikiwa imeshika kutu, ukiizungusha inazunguka na kebo yote, nyuzi za ndani zinajisokota na kukatika moja moja. Shika ncha ya kebo kwa koleo, spana ifanye kazi kwenye nati tu.

Kukaza nati kunapunguza plei, kulegeza kunaongeza. Zungusha nusu mzunguko, panda ndani, kanyaga pedali mara tano au sita ili kebo ijikalie, pima upya. Ukifika kwenye kipimo, rudisha nati ya pili na uibane, la sivyo mtikisiko wa injini utairudisha ilikotoka.

Sasa tazama uzi uliobaki. Nati ikiwa imefika mwisho wa uzi na plei bado haijakaa sawa, hapo hakuna tena cha kurekebisha. Ama kebo imerefuka, ama pleti imekwisha. Ukikuta nyuzi zimechanika kwenye ncha au ganda limepasuka, nunua kebo. Kebo nyingi za sasa zina plastiki laini ndani, hazitaki grisi nzito, inanasa vumbi na kuikausha.

Kumbuka pia kuna kebo zinazojirekebisha zenyewe kwa meno yaliyo juu ya pedali. Hizo ukizilazimishia nati unaua utaratibu wake. Tazama juu ya pedali kwanza.

Na jambo ambalo wengi hawalihusishi na klachi kabisa: waya wa ethi kati ya injini na bodi. Ukikatika au ukioza, umeme wa kuwashia starta unatafuta njia nyingine ya kurudi kwenye betri, na kebo ya klachi ni chuma kilichounganisha injini na bodi. Inapata moto, plastiki ya ndani inayeyuka, pedali inakuwa ngumu. Unabadilisha kebo, baada ya muda mfupi inakuwa ngumu tena. Kebo mpya ikikaza haraka, kagua ethi kabla ya kununua ya tatu.

FundiMafuta

Mkuu KeboNaKoleo, hiyo ya ethi iandikwe ukutani.

Kwa klachi ya mafuta, marekebisho yako juu kwenye pedali. Lala chali chini ya dashibodi na tochi. Utaona vitu viwili. Kuna bolti ya kuzuia pedali isirudi zaidi, hiyo inapanga kimo cha pedali. Na kuna fimbo inayotoka kwenye pedali kuingia klachi masta ya juu (pampu ndogo inayosukuma mafuta), hiyo ndiyo inayopanga plei. Panga kimo kwanza, kisha fimbo, maana ukigusa kimo baadaye unavuruga plei uliyoipata.

Legeza nati ya kufungia iliyo kwenye fimbo, kisha zungusha fimbo yenyewe kwa vidole au koleo ndogo. Kwa Toyota alizozitaja SpanaKumi, mchezo wa fimbo peke yake, ukipimwa juu ya pedali, unatakiwa milimita 1 hadi 5. Huo ni ule mguso mwepesi kabisa wa mwanzo, kabla fimbo haijagusa pistoni. Ule wa 5 hadi 15 ni jumla yake.

Msichezee hapa. Mtu akiona klachi inashika chini sana, anarefusha fimbo mpaka pedali inakuwa kavu, haina mlegeo hata kidogo. Siku ya kwanza anafurahi. Kilichotokea ni kwamba pistoni ya juu hairudi mwisho, kwa hiyo kitundu kidogo kinachorudisha mafuta kwenye kikopo kimezibwa. Mafuta yakipata moto yanatanuka, hayana pa kwenda, yanasukuma klachi ya chini (pampu ya pili, iliyo kwenye giaboksi) polepole na klachi inaanza kuachia yenyewe huku mguu wako hauko kwenye pedali. Gari linateleza likiwa na moto na linapona likipoa. Mtu anashusha giaboksi, anaweka pleti mpya, na tatizo linabaki kwa sababu fimbo ni ileile.

Klachi ya chini kwenye magari mengi haina marekebisho, springi ya ndani inaifuata yenyewe. Ila ukikuta fimbo ya chini ina uzi na nati, na uma (mkono unaosukuma rilizi beringi) una springi ya kuurudisha, hiyo ni ya zamani na inarekebishwa.

DadaWaCanter

Kaka FundiMafuta, naomba ufafanuzi. Kwenye breki, pedi zikiliwa mafuta kwenye kikopo yanashuka. Je, klachi nayo pleti ikiliwa tutegemee mafuta yashuke?

FundiMafuta

Hapana dada, ni kinyume, na swali hili ni la muhimu sana. Pleti ikiliwa inakuwa nyembamba, vidole vya presha pleti vinasogea kuelekea giaboksi, vinarudisha uma, uma unarudisha pistoni ya klachi ya chini ndani. Mafuta yanapandishwa juu kwenye kikopo. Kwa hiyo klachi inayokwisha haipunguzi mafuta, inayaongeza kidogo.

Maana yake, kama klachi ina kikopo chake peke yake, mafuta yakishuka yanavuja, hakuna maelezo mengine. Sehemu ni chache. Pitisha kidole pale fimbo inapoingia masta ya juu, ndani ya gari: pakiwa na unyevu, sili ya juu imekwisha. Nenda chini, funua kiraba cha vumbi cha klachi ya chini: mafuta yakimwagika, ni sili ya chini. Fuatilia na mpira kati yao. Ukikaza fimbo kwa klachi inayovuja unanunua siku mbili tu. Na kama klachi yako ya chini imefichwa ndani ya giaboksi ikizunguka shafti, uvujaji wake utauona ukidondoka kwenye kengele ya giaboksi (ganda linalofunika klachi), na hapo kazi si ya nyumbani tena.

UpepoNje

Kuhusu kutoa upepo ulioingia kwenye mafuta ya klachi. Mnahitaji watu wawili, mpira mwembamba unaopenya mwangaza, chupa, na spana ya nipo (bolti yenye tundu ya kutolea upepo, iko kwenye klachi ya chini), mara nyingi namba 8 au 10. Tumia spana ya duara, siyo ya mdomo wazi, nipo laini inapasuka kona.

Mafuta ni DOT 3 au DOT 4 kama kifuniko kinavyosema. DOT 3 mpya huchemka kuanzia nyuzi 205 za Selsiasi, DOT 4 kuanzia 230, lakini yote mawili hunyonya unyevu wa hewani na kiwango hicho kushuka sana. Chupa iliyokaa wazi rafuni mwaka mzima usiitie. Oili ya injini au ya giaboksi usiitie hata tone, raba zote zitavimba. Na yakimwagikia rangi ya gari, mwagia maji mengi mara moja, yanayeyuka kwenye maji.

Jaza kikopo. Mpira uingie kwenye nipo, ncha ya pili izame kwenye mafuta ndani ya chupa. Wa ndani akanyage polepole mara tatu, ashikilie chini na aseme "nimeshika". Wa chini afungue nipo robo mzunguko, mapovu yatoke, afunge. Ndipo wa ndani aachie. Akiachia kabla hujafunga, umeingiza upepo mpya. Pedali isiporudi yenyewe, iinuliwe kwa mkono. Kikopo kisishuke chini ya nusu.

Mapovu yakigoma, fungua klachi ya chini bila kukata mpira wake, ishike nipo ikiwa juu kabisa, sukuma pistoni ndani taratibu kwa mkono. Upepo utapanda hadi kwenye kikopo. Usimruhusu mtu akanyage pedali wakati huo, pistoni itaruka nje.

KitongaJuu

Namna ya kujua umefaulu. Kwa Toyota kipimo ni hiki: hendibreki, mawe, injini iko sailensa (inawaka bila kukanyagwa mafuta), mguu usiwe kwenye klachi. Peleka gia ya rivasi taratibu mpaka meno yaguse yalie. Hapo kanyaga pedali polepole mpaka mlio ukome. Kuanzia hapo hadi pedali inapogota chini inatakiwa milimita 25 au zaidi. Fanya mara moja au mbili, meno si ya kuchezea.

Kuteleza: gia ya nne, kama kilomita 50 kwa saa, kanyaga mafuta mpaka chini kwenye mwinuko mdogo. Mshale wa mizunguko ukiruka na mwendo ukibaki palepale, inateleza. Plei yako ikiwa sahihi na bado inateleza, acha spana. Ama pleti imekwisha (Toyota wanataka ribiti, yaani misumari ya pleti, ziwe zimezama chini ya uso wake angalau milimita 0.3), ama sili ya nyuma ya krenki imevujisha oili juu ya pleti. Pleti iliyolowa oili haikauki kwa kuoshwa na petroli.

Na wanaopanda mlima Kitonga, Iringa, na mzigo: kushikilia gari mlimani kwa nusu klachi badala ya hendibreki kunaunguza pleti kwa dakika chache kuliko miezi ya matumizi ya kawaida.

PwaniKutu

Nyongeza kwa wa Unguja, Tanga na Mombasa. Hewa ya chumvi hutafuna ncha ya kebo na ndani ya klachi ya chini, kwa hiyo kiraba cha vumbi kilichochanika kibadilishwe wiki hiyohiyo. Mafuta ya klachi yamwagwe kila miaka miwili hata kama yanaonekana safi.

Gari lililolala miezi kadhaa linaweza kugandisha pleti kwenye flaiwili (gurudumu zito la nyuma ya injini). Dalili ni kwamba plei iko sawa, mafuta yako sawa, gia zinaingia laini injini ikiwa imezimwa, ila ikiwaka zinagoma zote. Hilo halirekebishwi kwa fimbo wala nati.

SpanaKumi

Asanteni wakuu. Nimalizie na milio, kwa sababu inatofautisha kazi ya nyumbani na ya gereji. Injini iko sailensa, gia huru. Mlio ukianza unapokanyaga pedali, ni rilizi beringi. Mlio ukiwepo mguu usipokuwa kwenye pedali na ukapotea unapokanyaga, ni beringi ya shafti ya kuingilia giaboksi. Kilio cha chuma kwa chuma pale pedali yenyewe inapopinda mara nyingi ni bushi za plastiki za pedali, na bushi zikiliwa zinaongeza plei ya uongo: rula inasoma milimita 20 wakati fimbo iko sahihi. Zitikise pedali kushoto na kulia kwanza. Zikicheza, badilisha bushi, kisha ndipo upime.