Kinu cha wakati: mji wa mlimani una haki ya kukiwasha?

Mleta mada:

Wakuu, kuna ulimwengu wa kubuni ninaoujenga, na suala moja ndani yake linanikosesha usingizi. Naomba tulijadili kwa uzito, kana kwamba watu wake wapo kweli.

Juu ya mlima kuna mji, chini bondeni kuna vijiji. Nguvu zote za mji zinatoka kwenye kinu kinachopunguza mwendo wa wakati kule bondeni: mjini zikipita siku mbili, bondeni inapita moja. Bondeni hakuna anayehisi tofauti. Moyo unapiga kama kawaida, chungu kinachemka kama kawaida, na kila mtu anaishi idadi yake ileile ya siku. Ndiyo maana wakubwa wa mjini wanasema hakuna aliyeibiwa.

Mimi nasema wameibiwa. Chukueni binti wa bondeni aliyezaliwa mama yake akiwa na miaka 20. Anaolewa mjini akiwa na miaka 20, mama ana 40. Anakaa huko miaka 40, kisha anateremka kumsalimu mama. Yeye ana miaka 60, na mama ana 60. Wameketi mkeka mmoja, mvi kwa mvi, na mama anamtazama mwanawe asijue amwite nani. Binti akirudi mjini atatangulia kuzeeka, na mama ndiye atakayemzika. Ni nani aliyewauliza kama wanakubali?

Kuna madeni pia. Mkulima wa bondeni akikopa mjini, riba inahesabiwa kwa kalenda ya mjini. Yeye anavuna mara moja, mdai anahesabu miaka miwili. Kwa mwendo huo ardhi yote ya bondeni itaishia mikononi mwa watu wa mjini, na kila hatua itakuwa halali kwa maandishi. Naomba kuwasilisha.

Mchangiaji wa kwanza:

Mkuu, umetazama upande mmoja. Mgonjwa wa bondeni mwenye maradhi yasiyo na dawa anawapa waganga wa mjini muda maradufu wa kuitafuta. Mwanakijiji mwenye akiba mjini naye inamzalia upesi. Hayo ya riba ni mambo ya mikataba: andikeni sheria kwamba deni lihesabiwe kwa kalenda ya mkopaji, basi. Msizime taa za mji mzima kwa sababu ya sheria mbovu.

Mchangiaji wa pili:

Akiba inayozaa upesi haitamsubiri mwanakijiji. Matajiri wataacha fedha zao mjini, watateremka kuishi bondeni, na bei ya ardhi itawafukuza wenyeji. Watapandishwa mlimani kufanya kazi, wazeeke haraka kuliko waliowapokonya mashamba.

Mchangiaji wa tatu:

Mleta mada, mwelekeo umeupatia. Hata katika dunia yetu saa iliyo chini huchelewa kuliko iliyo juu. Einstein alilitabiri, na mwaka 2010 watafiti wa NIST, taasisi ya taifa ya viwango na vipimo huko Marekani, waliinua saa ya atomi sentimita 33 tu, tofauti ikapimika. Saa za setilaiti za GPS nazo huwahi za ardhini kwa maikrosekunde (sehemu za milioni za sekunde) 38 kila siku, na zisiporekebishwa, simu itakuonyesha uko mahali ambapo hupo.

Kitu kinapoteremka kwenda mahali ambako wakati unachelewa, ndipo kinapotoa nishati. Maji yanayozungusha mitambo ya bwawa hufanya hivyohivyo, kwa tofauti ndogo mno. Kilo moja ikiteremshwa taratibu hadi pale saa inapokwenda kwa nusu ya mwendo, itatoa nusu ya nishati yote iliyomo ndani yake kwa kanuni ya Einstein, E=mc², yaani zaidi ya kilowati-saa bilioni 12.

Lakini nishati hiyo hutoka wakati wa kuteremka tu. Maji yaliyokwisha kuanguka hayazungushi kitu. Bonde likitulia kwenye nusu, kinu hakitoi chochote. Kwa hiyo taa za mji zikiendelea kuwaka, ujue bonde linazidi kucheleweshwa: leo nusu, kesho theluthi, keshokutwa robo. Na ili bonde lirudi lilipokuwa, mji utalazimika kulipa nishati yote uliyokwisha kuitumia. Mji umekopa, na rehani ni watu wa bondeni.

Mleta mada:

Hapo ndipo penye uzito wote. Ndugu wa kwanza, sheria yako ya kalenda haishiki tena, kwa sababu uwiano wenyewe haukai: mkataba ukifika bondeni kutiwa sahihi, hesabu zake zimeshapitwa. Hoja ya mgonjwa naikubali. Itengwe sehemu ndogo kwa wanaotaka wenyewe.

Msimamo wangu ni kwamba kinu kisimamishwe kwanza, ndipo kura ipigwe. Baraza la bondeni likikaa jioni moja kujadiliana, mjini zimeshapita jioni mbili, na kinu kikiwa kinaendelea, kila jioni yao itazidi kumeza jioni nyingi za mjini. Mji utasema umesubiri jibu mpaka umechoka, ilhali wenyewe ndio wanaolichelewesha.

Halafu nishati irudishwe, hata kama mji utakaa gizani kizazi kizima. Najua watoto wa mjini watauliza kwa nini walipe walichokitumia babu zao. Anayewatetea aniambie basi nani mwingine alipe, maana bondeni hakuna aliyewahi kuwasha hata taa moja.