Programu inayojiita ya bure imemwandika bibi yangu usoni

Mjukuu wa Usambara

Wakuu, mniwie radhi kwa kuingia bila salamu, kwa maana hasira niliyo nayo asubuhi hii sijawahi kuwa nayo tangu nianze kushika kipanya. Programu ninayoisema mnaijua nyote. Ni ile ambayo ukitafuta tu namna ya kupunguza ukubwa wa video, yenyewe imeshakutangulia mlangoni, na ukurasa wake umeandika neno "bure" mara nyingi kuliko muuza karanga anavyotaja karanga zake.

Nilikuwa na video ya harusi ya mdogo wangu, ya dakika 38 na ukubwa wa GB 4.8, nami nilitaka kuibana ishuke chini ya GB 2, ambayo ndiyo mwisho wa faili linalotumwa WhatsApp kama waraka, ili imfikie shangazi aliyeko Muscat, ambaye alinyimwa ruhusa kazini na hakuiona harusi. Nilikata vipande, nikasawazisha sauti, nikabonyeza kitufe cha kutoa faili saa tatu usiku. Feni ya kompyuta ililia usiku kucha kama mashine ya kusaga. Saa tisa usiku kazi ikaisha, na faili lililobanwa likawa na GB 6.8. Nilibana, likavimba.

Hilo ningelisamehe. Kwa kuwa shangazi alikwisha kupiga simu mara tatu, nilitenga sekunde 40 za bibi peke yake akimpa bi harusi radhi, nikazitoa upya, nikazituma. Bibi hatembei siku hizi. Aliletwa kutoka Lushoto akiwa amebebwa juu ya kiti, na alipoketishwa mkekani kamera ilimkaribia kiasi kwamba unaona kidole chake kikifuata pindo la kanga huku akitafuta maneno. Shangazi alinijibu kwa sentensi moja: "Mwanangu, mama yangu amekosa nini hadi aandikwe usoni?"

Nikafungua faili. Jina la ile programu, kwa herufi nyeupe kubwa kama za ubavuni mwa basi la mkoani, limempita bibi kuanzia paji la uso hadi kidevuni. Nilipokuwa nahariri halikuwapo, na dirisha la kuonyeshea kazi lilimwonyesha bibi akiwa safi. Limebandikwa wakati wa kutoa faili, kisha ndipo kikatokea kitufe cha kuniambia kwamba nikilipa litaondolewa. Usoni, wakuu! Mkeka wote ule ulikuwa mtupu, wakaenda kuandika usoni!

Binti wa Pangani

Pole sana, ndugu yangu, na ufikishe pole zangu kwa shangazi. Mimi programu hiyohiyo iliniachia nihariri video ya mahafali ya mwanangu kwa siku mbili, na nilipotoa faili ikalikata dakika ya 10 kamili, mwanangu akiwa ameinua mguu kupanda jukwaani kuchukua cheti. Mpaka leo mguu uko hewani.

Fundi wa Vielelezo

Mleta uzi, nembo ni kosa lao, lakini uvimbe wa faili ni kosa lako mwenyewe, na ni vema ukaambiwa. Ukubwa wa faili ni bitireti, yaani wingi wa data katika kila sekunde, mara muda, basi. GB 4.8 kwa dakika 38 ni takribani megabiti 17 kwa sekunde. Wewe umeacha mpangilio uliowekwa tayari, na ukipiga hesabu ya GB 6.8 utaona ulikuwa megabiti 24. Hapo ulikuwa unaijaza video maji. GB 2 ni megabiti 16,000. Zigawanye kwa sekunde 2,280 upate 7, ushuke kidogo ili sauti nayo ipate nafasi, na mchezo umekwisha. Tena unatumaje kitu kwa mkubwa wako bila kukitazama?

Mjukuu wa Usambara

Mkuu, hesabu nimeipokea na nitaifanya. Lakini bitireti haikumwandika bibi usoni. Nimemwomba shangazi afute, amekataa, anasema hiyo ndiyo sura ya mama yake aliyonayo kwa sasa. Anamtazama mama yake kupitia matundu ya herufi.

Mzee wa Kodeki

Vijana, mnahangaika na nini wakati HandBrake, programu ya kubana video, ipo tangu 2003, haidai senti wala haiandiki chochote juu ya video ya mtu? Si programu ya kuhariri. Ukitaka kukata na kuunganisha kuna Shotcut na Kdenlive, nazo ni za bure kweli kweli. Ukishahariri, peleka faili HandBrake, chagua H.264, ambayo ni njia ya kubana picha, na kwenye kipimo cha ubora kinachoanzia 0 hadi 51 weka kati ya 20 na 24 kwa video ya mistari 1080. Namba ikipanda, faili linapungua na picha inachakaa. Waliozoea kudai ubora wa juu kabisa kwa kila kitu ndio hao wanaoishia 0, kisha wanalia diski imejaa.

Binti wa Pangani

H.265 je, mzee? Niliambiwa inapunguza zaidi kwa ubora uleule.

Mzee wa Kodeki

Inapunguza zaidi, lakini kompyuta yako itatoka jasho maradufu, na simu nyingi za zamani zitakuonyesha giza tupu huku sauti ikisikika.

Dereva wa Fleshi

Mnalalamikia nembo, mimi nina wateja wanaoniletea fleshi ya GB 32 na kunitukana kwamba nimewaibia kwa sababu video ya GB 4.8 haiingii. Nimeeleza hadi koo limekauka kwamba FAT32, mfumo wa kupanga mafaili uliomo kwenye fleshi hizo, haupokei faili moja linalozidi GB 4, hata fleshi ikiwa tupu kama kibuyu. Jana mama mmoja aliniitia mgambo.

Mla Bando

Afadhali yako, unabishana na mtu. Mimi nilikuwa napakia video mtandaoni, ikafika asilimia 96, bando likakata, nikanunua jingine, ikaanza upya kutoka sifuri.

Fundi wa Vielelezo

Dereva, fomati fleshi iwe exFAT, mfumo usio na kikomo hicho cha GB 4, ugomvi utaisha leo hii. Nakili kwanza vilivyomo, maana vitafutika vyote.

Dereva wa Fleshi

Niliifanya kwa wateja wawili, na televisheni zao zikakataa kuisoma. Sasa wote wawili wanadai niwanunulie televisheni.

Binti wa Pangani

Televisheni hizo ni za mwaka gani? Yangu nayo inakataa.