Mjadala: Filamu iliyofungiwa miaka 68 ihesabiwe wapi?

Waungwana, hoja ninayoipinga ni hii: kwamba "Trädgårdsmästaren", yaani Mtunza Bustani, filamu fupi ya kimya aliyoiongoza Victor Sjöström mwaka 1912 kwa hadithi ya Mauritz Stiller, haistahili nafasi katika chimbuko la sinema ya Sweden, kwa kuwa wakaguzi waliifungia na Waswidi hawakuitazama hadi mwaka 1980, baada ya nakala yake kupatikana Marekani katika Maktaba ya Bunge. Isiyotazamwa, wanasema, haikumfundisha mtu. Tuanzie, wanasema, na "Terje Vigen", filamu ya Sjöström huyohuyo ya mwaka 1917.

Ni kweli watazamaji hawakuiona. Lakini walioitengeneza waliijua, na hao hao ndio waliokuja kuijenga sinema hiyo. Sjöström mwenyewe anaigiza kama mtunza bustani anayemtenga mwanawe na msichana aitwaye Rose, kisha akamnajisi msichana huyo ndani ya banda la vioo la kuoteshea maua. Baada ya dhiki nyingi Rose anarudi katika banda lilelile, na anakutwa amekufa katikati ya mawaridi. Mimea iliyomsitiri mhalifu ndiyo inayogeuka sanda ya aliyedhulumiwa, na mahali penyewe ndipo panapobeba maana. Mwaka uliofuata, katika "Ingeborg Holm", mwongozaji huyohuyo alimfuata mjane maskini aliyetenganishwa na watoto wake, na sioni namna ya kueleza ukomavu ule bila kurudi kwenye banda hili.

Isitoshe, tukiiacha nje tutakuwa tumeiachia ofisi ya ukaguzi, iliyoanza kazi mwaka 1911, ituamulie hata historia. (Cha ajabu, negativu nyingi, yaani mikanda asilia, za kampuni ya filamu ya Svenska Bio ziliteketea kwa moto mwaka 1941, kwa hiyo zipo filamu zilizoruhusiwa na kushangiliwa ambazo leo hatuna, ilhali hii iliyofungiwa tunayo.)

Sidai kwamba ni kazi bora kuliko zilizofuata. Matukio yake yanarundikana kwa haraka mno, na sehemu ya jenerali mzee anayemchukua Rose haikunigusa hata kidogo. Ninachodai ni kwamba tukichora mstari wa sinema hiyo, uanzie hapa wala si mwaka 1917, na anayepinga anionyeshe kwanza ni wapi pengine Sjöström alikojifunza kuyafanya mazingira yazungumze.