Tableti za "giga 16" za Birere: michezo haifutiki, nafasi hairudi, na fundi analipwa bure

Wandugu wa Goma, na ninyi wa Bukavu mnaoagiza kupitia huku,

Juu ya meza za Birere, mtaa wetu wa biashara hapa Goma, tableti ya bei ndogo inauzwa kwa neno moja: "giga 16, ya mtoto kusomea." Mzazi anatoa dola zake, anafika nyumbani, anaiwasha, na kabla hajaweka hata kitabu kimoja cha PDF anakuta giga 5 au 6 ndizo zimebaki. Nyingine zimeliwa na mfumo, na juu ya mfumo imepangwa michezo ambayo hakuna aliyeiomba: magari, peremende, karata, hata ya kubahatisha pesa. Ya kubahatisha pesa, kwenye kifaa cha mtoto wa shule ya msingi! Baada ya wiki mbili kioo kinaandika "Espace de stockage insuffisant", yaani nafasi haitoshi, na tableti inakuwa nzito kama gunia la makaa lililonyeshewa.

Hapo mzazi anaipeleka kwa fundi. Fundi anagusagusa dakika kumi, alama za michezo zinapotea kwenye kioo, analipwa. Nafasi ni ileile. Huo ni wizi, hata pale ambapo fundi mwenyewe hajui kwamba anaiba.

Kosa linaanzia kwenye neno "kufuta". Ukibonyeza alama ya mchezo kwa muda mrefu na kuivuta mpaka palipoandikwa "Supprimer", kwenye tableti nyingi unaondoa alama tu. Mchezo uko ndani mzima. "Désinstaller" ndiyo inayoutoa kweli. "Désactiver" inaulaza: hautafunguka, hautakula betri, lakini mwili wake unabaki palepale. Mafundi wengi wanalaza na kudai wamefuta.

Kwa nini mingine haina "Désinstaller"? Memori ya tableti imegawanywa kwa kuta tangu kiwandani. Upande mmoja ni wa mfumo, umefungwa na unasomwa tu. Upande wa pili, unaoitwa /data, ndio wako. Kiwanda kikiuweka mchezo upande wa mfumo, hata ukiua mchezo ule nafasi yake haiwezi kuvuka ukuta kuja kwako. Ukubwa wa kuta umepangwa kabla tableti haijafungwa kwenye karatoni. Kwa hiyo mtu akikuahidi kukurudishia giga 2 kwa kutoa michezo ya mfumo, mwambie akuonyeshe namba kwenye "Stockage" kabla na baada, ndipo umlipe.

Sasa tufanye kazi. Ingia "Paramètres", kisha "Stockage", kisha "Jeux" au "Applications", upange kwa ukubwa. Fungua ukurasa wa kila mchezo mkubwa na usome sehemu tatu: ukubwa wa programu yenyewe, data, na cache (mafaili ya muda). Msianze na cache. Mara nyingi ndiyo ndogo kuliko zote na inarudi kesho. Uzito wa michezo ya siku hizi uko kwenye data: mchezo unaingia na mega 90, ukifunguliwa mara ya kwanza unavuta picha na sauti mpaka unapita giga moja, na giga hiyo yote inaandikwa upande wa data.

Kitufe kikiwa "Désinstaller", bonyeza, umemaliza, nafasi yote inarudi. Kikiwa "Désactiver", fuata mpangilio huu bila kuruka. Kwanza kata Wi-Fi na mega za intaneti. Bonyeza "Forcer l'arrêt". Ingia kwenye "Stockage" ya mchezo uleule, futa data zote. Rudi nyuma, gusa nukta tatu za juu kulia, chagua "Désinstaller les mises à jour". Mwisho kabisa ndipo "Désactiver". Sababu ya kukata mtandao ni kwamba ukitoa mabadiliko mapya na kuuacha mchezo uko macho, Play Store itayavuta tena usiku, na mega zako zitaungua pamoja na nafasi. Kinachorudi kwa njia hii ni zile data na yale mabadiliko, kwa sababu vyote viwili vilihifadhiwa upande wako wa ukuta. Mara nyingi hicho ndicho kipande kikubwa, kwa hiyo msidharau.

Kinachonichoma zaidi ni michezo inayorudi yenyewe. Unatoa mitatu Jumatatu, Alhamisi imeingia minne. Hiyo inaletwa na programu nyingine iliyofichwa na kiwanda, duka la pili au "huduma" yenye jina lisilo na maana, inayolipwa kwa kila mchezo inaouingiza. Kuikamata: usiufute mchezo uliorudi mara moja. Fungua ukurasa wake wa habari, shuka mpaka chini kabisa kwenye "Détails de l'appli". Pale pameandikwa mchezo umetoka wapi. Kama si Play Store, umeshapata jina la mleta michezo. Huyo ndiye wa kulazwa kwanza, na michezo ifuate. Wengi wanakimbilia orodha ya "Installer des applis inconnues". Iangalieni, ndiyo, lakini programu iliyowekwa na kiwanda upande wa mfumo inaweza kuwa na ruhusa yake kubwa na isionekane hapo.

Kuna pia mabaki. Hapa Goma michezo inagawanwa kwa Xender, kutoka simu hadi simu, ili kuokoa mega. Faili la APK, yaani lile la kuingizia mchezo, lililopokelewa halifutiki ukishaingiza mchezo. Linabaki kwenye folda ya Xender au "Download", na mchezo wa mega 400 unakuwa umekula mega 400 za ziada bila kazi yoyote. Futa hayo mafaili, kisha fungua "Corbeille" ya programu ya mafaili na uimwage, maana kwenye Files ya Google kitu kinakaa kwenye kapu siku 30 kikiwa bado kinashika nafasi. Folda za OBB (mafaili makubwa ya ziada ya mchezo) zilizopakiwa kwa mkono mahali pasipo pake nazo hazitoki na mchezo. Kuanzia Android 11, ya mwaka 2020, programu nyingi za mafaili haziruhusiwi kuingia "Android/obb" wala "Android/data", kwa hiyo unganisha tableti na kompyuta uzitafute kutoka kule.

Acheni nafasi ya giga 1.5 au 2 daima. Si anasa. Programu ikibadilishwa, toleo jipya linashuka wakati la zamani bado lipo, na yote mawili yanahitaji pa kukaa. Memori yenyewe ikijaa inakosa vipande vitupu vya kuandikia, inaanza kuhamisha hiki ili iandike kile, na huo ndio uzito mnaousikia kwenye kidole.

Na wauzaji, namba ya giga 16 mnayoibandika ni ya memori nzima. Andikeni na iliyobaki. Mteja ana haki ya kuijua kabla hajatoa dola.

Jibu, kutoka Katindo

Mukubwa, umesema kweli, ila umewaacha wenye kompyuta. Kwa michezo ya mfumo isiyokubali hata "Désactiver" kuna njia ya adb, yaani kuiamuru tableti kutoka kwenye kompyuta, na haihitaji kuvunja ulinzi wa tableti.

"Paramètres", "À propos de la tablette", gusa "Numéro de build" mara 7. Rudi, ingia "Options pour les développeurs", washa "Débogage USB". Chomeka kwenye kompyuta yenye platform-tools za Google, ambamo adb imo. Hapa watu wengi wanakwama na kulaumu tableti, kumbe ni kebo. Kebo nyingi za bei ya chini za barabarani zina nyaya mbili za moto tu. Za data hazimo. Ikichaji lakini kompyuta haioni kitu, badilisha kebo kabla hujagusa kingine.

Andika:

adb devices

Tableti itauliza ruhusa, kubali. Kisha:

adb shell pm list packages -s

Hiyo inataja programu zote za mfumo. Ukitaka kujua moja iko upande gani wa ukuta:

adb shell pm path jina.la.programu

Jibu likianza na /system, /product au /vendor, mwili wake hautakurudishia nafasi. Likianza na /data, ama ni mchezo wa kawaida, ama ni wa mfumo uliopata mabadiliko, na kuna kitu cha kuokoa. Kama ni wa mfumo, kwanza toa mabadiliko yake kwa "Désinstaller les mises à jour", maana amri hii haiyatoi. Kuutoa:

adb shell pm uninstall --user 0 jina.la.programu

Sasa sikieni, maana hili linanikasirisha kila siku. Watu wanakopi amri hii kutoka kwenye video ikiwa na "-k" katikati. Hiyo -k maana yake ni kubakisha data na cache. Unautoa mchezo na kuiacha giga moja ya data imelala ndani, bila hata ukurasa wa mchezo wa kwenda kuifutia. Ondoeni -k.

Ikijibu DELETE_FAILED_DEVICE_POLICY_MANAGER, programu hiyo imejipa cheo cha msimamizi wa kifaa. Nenda kwenye usalama, tafuta "Applis d'administration de l'appareil", ivue cheo, urudie amri. Mchezo unaojipa cheo hicho haustahili kukaa kwenye tableti hata dakika moja.

Ukikosea, irudishe hivi:

adb shell cmd package install-existing jina.la.programu

Msiguse com.android.systemui, com.google.android.gms, com.google.android.webview, wala kibodi kama hamna ya pili. Ukitoa kibodi na tableti ina neno la siri la herufi, ukiizima na kuiwasha hutaweza kuliandika.

Jibu, kutoka Bukavu, Kadutu

Yaya, asante, lakini mimi nina mzozo na mafundi wanaokimbilia kufomati kila kitu. Kufomati hakutoi michezo ya mfumo, na ile ambayo kiwanda kilipanga iingie wakati wa kuwasha mara ya kwanza inarudi yote, hata ambayo ulikuwa umeshaifuta. Ile amri ya adb nayo inafutika, unaanza upya.

Baya zaidi, tangu Android 5.1, ukifomati kupitia vitufe vya nje huku akaunti ya Google bado imo, tableti inadai akaunti ileile ndipo ifunguke. Mama amesahau neno la siri, akaunti ilifunguliwa na muuzaji, na sasa ana kipande cha kioo. Kwanza toa akaunti kwenye "Comptes", ndipo ufomati, na betri iwe imejaa, kwa sababu umeme wetu mnaujua.

Na msinunue kadi ya memori kwa pupa kama dawa ya tatizo hili. Baadhi ya kadi zinazoandikwa giga 128 zina giga chache tu za kweli. Zinadanganya namba, zinapokea mafaili, na yanayozidi yanaharibika kimya. Ipime kwa H2testw kwenye Windows au F3 kwenye Linux. Kipimo kinajaza kadi yote kisha kinaisoma tena. Giga 64 kwa kasi ya mega 10 kwa sekunde inachukua karibu saa moja na dakika 47 kuandika peke yake, kwa hiyo panga na umeme. Ukiichanganya kadi na memori ya ndani, ujue inafungwa kwa tableti ile tu. Ukiitoa, simu nyingine haiisomi.

Jibu, kutoka Ndosho

Zile programu za "cleaner" na "booster" zina faida? Na hiyo kitu ya "archiver" ya Play Store?

Mwenye uzi

Ndugu, cleaner toa zote. Kazi yake kubwa ni cache, ambayo inarudi, na yenyewe inakaa kwenye nafasi yako ikikuletea matangazo ya michezo mingine.

"Archiver" ni halali. Inatoa sehemu kubwa ya mwili wa programu, inaacha alama na data za mtumiaji. Kwa hiyo kwa mchezo wenye data ya giga moja haikusaidii sana, na siku ukiugusa unavutwa upya kwa mega zako. Itumie kwa programu za shule zinazofunguliwa mara moja kwa muhula. Ukitaka kutoa michezo mingi kabisa, ndani ya Play Store gusa picha ya akaunti, ingia "Gérer les applis et l'appareil", kisha "Gérer", panga kwa ukubwa, weka alama kwenye michezo mingi kwa pamoja, na uitoe yote kwa kubonyeza mara moja. Palepale kwenye mipangilio ya Play Store zima mabadiliko ya kujiendesha, au yaache kwa Wi-Fi tu.

Wa Kadutu kanikumbusha: tableti zenyewe nazo zinadanganya namba kama kadi. Inayoandikwa giga 64 au 128 kwa bei ya ile ya 16, usiiamini kwa kusoma "Stockage", na programu za kupima nazo zinaweza kudanganywa. Njoo Birere na flashi ya OTG (inayochomekwa moja kwa moja kwenye tableti) yenye video mbili za giga 2 hivi kila moja. Zikopi, uzikopi tena na tena kwa majina tofauti mpaka upite giga 16, ukiangalia nafasi inavyoshuka. Halafu cheza ile ya kwanza na ile ya mwisho mpaka mwisho wake. Moja ikikatika au isipofunguka, irudishe mezani. Kukopi kunaweza kuchukua nusu saa au zaidi. Muuzaji akikukataza hiyo nusu saa, nenda meza ya pili.