Kava la kiyoyozi cha nyumbani lifunguliwe na nani: mpangaji au fundi peke yake?

Mtoa hoja, Shangani, Mtwara

Ndugu zangu wa Mtwara na Lindi, naleta hoja hii mbele yenu kwa sababu kaskazi imekwisha kuingia, joto la unyevu limetuelemea, na viyoyozi vilivyolala tangu kipupwe vinawashwa tena. Katika mkataba wa nyumba ninayopanga kimeongezwa kifungu kinachomkataza mpangaji kufungua kava la kiyoyozi kwa namna yoyote ile, hata kwa kusafisha chujio. Kazi hiyo ni ya fundi atakayeteuliwa na mwenye nyumba, naye mpangaji ndiye atakayelipa. Majirani wanaokiunga mkono kifungu hicho wanasema umeme si kitu cha kuchezea, na wanaokipinga wanasema kinachofunguliwa ni plastiki tu. Mimi naona pande zote mbili zinabishania kava moja, ilhali kiyoyozi cha ukutani kina makava mawili.

Kava la kwanza ni ule ubao wa mbele unaonyanyuliwa kwa mikono miwili, bila bisibisi. Ukishaunyanyua unayaona machujio ya wavu, ambayo huchomolewa, huoshwa kwa maji na sabuni isiyo kali, kisha huanikwa kivulini kwa kuwa jua huukunja wavu wake. Vitabu vingi vya maelekezo vinavyokuja na mashine humwagiza mtumiaji mwenyewe aifanye kazi hii, mara nyingi kila baada ya wiki mbili. Sasa mpangaji akikatazwa, atamwita fundi mara mbili kwa mwezi? Hatamwita, na chujio litaziba. Likiziba, hewa ya chumba haipiti vizuri kwenye mapezi ya alumini yaliyo nyuma yake, mapezi hupoa kupita kiasi, unyevu wetu wa pwani huganda juu yake ukawa barafu, na barafu hiyo inapoyeyuka maji hudondoka mpaka kitandani. Chumba hakipoi, kompresa, yaani pampu ya gesi iliyo kwenye mashine ya nje, haipumziki, na uniti za LUKU zinakwisha kabla ya wakati wake.

Nayasema haya kwa kuwa yamenipata. Mwaka jana kiyoyozi cha chumba wanacholala wajukuu wangu kilipoacha kupoza, fundi aliyeletwa alisimama mlangoni, akasikiliza, akasema gesi imeisha, akaongeza gesi kwenye mashine ya nje na kuondoka na fedha zangu bila kugusa kava lolote la ndani. Wiki tatu baadaye hali ilikuwa ile ile. Fundi wa pili alinyanyua ubao wa mbele, na chujio lilikuwa limefunikwa na vumbi zito kama blanketi. Inafaa kila mlipaji ajue kwamba gesi ya kiyoyozi haiishi kwa kutumika kama gesi ya kupikia, bali huzunguka ndani ya mabomba yaliyofungwa, ikigeuka kimiminika na kurudi kuwa gesi kwa maisha yote ya mashine. Ikipungua, ipo sehemu inayovuja, na kuiongeza bila kuitafuta sehemu hiyo ni kumwaga maji katika pakacha. Tena kwa mashine za zamani zenye gesi ya aina ya R22, kila kinachovuja huchangia kuharibu tabaka la ozoni.

Kava la pili ni ganda zima jeupe, linaloshikwa na skrubu mbili au tatu, ambazo mara nyingi zimefichwa karibu na mdomo wa kutolea hewa, pamoja na vishikizo vya plastiki upande wa juu. Hapo nasimama na wenye nyumba. Nyuma ya ganda hilo kuna nyaya zenye umeme wa volti 230, na kuzima kwa rimoti hakuukati umeme huo. Ni lazima swichi ya kiyoyozi yenyewe izimwe. Kuna bodi ya sakiti isiyotaka maji, na mapezi yanayoweza kukata vidole. Asiyejua asilifungue. Ninachodai ni kwamba anayelifungua alifungue mbele ya anayelipa, na asitamke neno gesi kabla ya kukagua chujio, mapezi na feni, na kupima.

Mchangiaji, fundi wa viyoyozi, Lindi mjini

Shikamoo mama. Kuhusu kava la kwanza nakubaliana nawe, ingawa nimekwisha kuitwa kwenye nyumba ambazo mpangaji aliosha chujio akasahau kulirudisha, vumbi lote likaenda kujaa kwenye mapezi na feni ya ndani, na kazi ambayo isingekuwepo kabisa ikanichukua nusu siku. Wengine hupanda juu ya kiti cha plastiki huku mashine ikiwa inafanya kazi. Kwa hiyo ruhusa hiyo iambatane na sharti la kuzima kwenye swichi kwanza.

Kuhusu kusimamiwa, naomba utuelewe. Tukishaondoa ganda tunafunika bodi kwa nailoni, tunatandaza turubai na kupiga maji kwa pampu. Mtu akisimama chini ya ngazi anahatarisha nafsi yake na yangu. Jambo lingine ambalo hukuligusa ni mashine ya nje. Chumvi ya bahari inayala mapezi yake, na nyumba zilizo karibu na maji zinahitaji kuoshewa mashine hiyo mara nyingi zaidi kuliko za Nachingwea, lakini kava lake asilifungue mpangaji hata kidogo, kwa sababu kapasita iliyo ndani, kifaa kinachohifadhi umeme, hubaki na chaji hata baada ya umeme kukatwa. Mashine mpya nyingi nazo zina gesi ya R32, ambayo inaweza kuwaka.

Mtoa hoja

Marahaba mwanangu. La mashine ya nje umeniongezea, nami nalikubali lote. La ngazi pia nalikubali: sitasimama chini yake, nitakaa mlangoni, nawe utapiga picha za simu za mapezi na feni kabla ya kuosha na baada ya kuosha, ili hata mpangaji aliyekuwa kazini azione jioni. Kinachobaki kati yangu na mwenye nyumba ni maneno ya mkataba, na kesho nitampelekea kifungu kilichoandikwa upya: mpangaji ataosha machujio kila baada ya wiki mbili, umeme ukiwa umezimwa kwenye swichi, ganda la ndani na mashine ya nje vitafunguliwa na fundi tu, na picha zake zitatangulia malipo. Mwenye mkataba uliokwisha kuandikwa kwa namna nyingine, huku au Lindi, namwomba aninukulie kifungu chake hapa kabla sijaenda.